Vipimo vya Bwana Nauendorf

Shingo, thelathini na tisa. Bega kwa bega, arobaini na sita.
Mkono wa kushoto ulipungua sentimita moja,
na hakuna mtazamaji aliyewahi kuligundua hilo
kwa kuwa pindo nilikuwa nalikunja mimi.

Miaka ishirini na minane nilimvisha
katika chumba cha nyuma, studio ya Hamburg,
kati ya mvuke wa pasi na harufu ya dawa ya nondo.
Nilimvisha uposta, ubawabu, upadri mara nne.
Nilimvisha umaiti, na alikuwa maiti hodari:
aliweza kuacha kupumua
bila kuonekana kwamba anajitahidi kuacha.

Wenzake waliingilia mlango mkubwa, muziki ukiwatangulia.
Yeye alifungua mlango, akasema, "Bwana hayupo,"
akaufunga. Kazi imekwisha.
Lakini asubuhi nzima ningemsikia ukumbini
akitembea na maneno yale mawili
kama mtu aliyebeba yai mdomoni.

Mwaka wa hamsini na nane ikaja filamu ya vita,
ile ambayo watu walitoka wakilia, wakijililia wenyewe.
Nikamtolea gwanda la kijivu.
Akafunga vifungo kuanzia chini kwenda juu
bila kutazama, kwa kasi ya aliyefunzwa gizani,
kisha mikono ikasimama shingoni, ikangoja amri.
Nilikuwa na pini mdomoni.
Pini ni kisingizio kizuri cha kutouliza.
Kaka yangu Lothar hakurudi kutoka mashariki;
naye hakuniuliza. Hakuwa na pini.

Halafu televisheni. Ijumaa usiku
nchi nzima ilikaa kwenye makochi kumtafuta muuaji,
na mara nyingi muuaji alikuwa yeye.
Muuza mikate wa Eimsbüttel alimzuilia chenji:
"Wewe! Mjane wa watu ulimnyongea nini?"
Gisbert akaomba radhi, akaondoka na mikate yake.
Jina lake lilipita mwishoni, chini ya kioo, mbio,
watu wakiwa wameshainuka kwenda msalani.

Nguo ya kuazima haisitiri matako, husemwa.
Yeye ilimsitiri mwili mzima.
Kila koti lilikuwa na jina la mtu mwingine ndani ya ukosi;
nililifumua, nikashona Nauendorf,
Jumatatu nikamfumua Nauendorf.
Isipokuwa moja.

Sabini na moja, mwongozaji kijana, nywele mabegani,
alimtaka awe jaji, mhusika mkuu,
anayerudi kwenye mji aliouhukumu zamani
kutafuta japo mtu mmoja wa kumwomba radhi.
Nikamshonea koti la sufu, la kwake, tangu kitambaa.
Alisimama mbele ya kioo, kimya, mpaka nikaona haya mimi.
Siku ya kumi na moja fedha zikaisha.
Mwongozaji alilia.
Gisbert aliuliza kama basi la saa kumi lingalipo.

Alipofariki, Irmtraud mkewe alikuja kuuliza
kama tuna suti yoyote; zake zote zilikuwa zimemzidi.
Sikumwambia kitu. Nilikwenda kwenye reli ya kumi na nne,
nikapunguza sentimita tatu kila ubavu,
na kwenye daftari la bohari nikaandika: limeliwa na nondo.

Baridi hii wanarudia vipindi vya zamani.
Jana saa tano usiku alifungua mlango.
"Bwana hayupo," akasema, akatupa jicho kando kidogo,
kana kwamba pale kizingitini amesimama mtu wa pili
ambaye mwandishi hakumwandika.
Sijui alikuwa nani.
Mimi nilikuwa natazama mkono wa kushoto.
Pindo lilikaa sawa.